Mchungaji wa Mlio Mmoja

Mdogo wangu Ambrose Tillard alikabidhiwa kanisa la Hollingfold mwezi wa Septemba, kwenye manyunyu, na kosa alilolifanya siku ile lilituchukua karibu mwaka mzima kulijua. Mimi nitalitaja mapema. Sina moyo wa kuwazungusha watu gizani. Tumezungushwa vya kutosha sisi.

Pande zile za Sussex, mchungaji mpya hushikishwa ufunguo mlangoni na shemasi mkuu, kisha huingia kanisani peke yake, hujifungia, na kuvuta kamba ya kengele ili watu wajue kwamba sasa wana mwenyewe. Hollingfold wana la ziada. Wao husimama nje, katikati ya makaburi, wakihesabu. Mlio mmoja, mwaka mmoja. Atakavyopiga ndivyo atakavyokaa. Mzee aliyemtangulia Ambrose aliipiga mpaka waliokuwa wamesimama wakaketi juu ya makaburi ya babu zao, na kweli alikaa mpaka meno yakamwisha. Yule wa kabla yake alipiga mara nne, akafa mwaka wa nne kwa kuanguka ngazini. Sasa nenda kawaambie watu hao kwamba ni upuuzi.

Na kuna la pili: mchungaji haambiwi hesabu yake. Anayemwambia anamsukuma kwenye mwisho wake. Hesabu hiyo hukaa midomoni mwa kila mtu isipokuwa mdomo ulio karibu na sikio lake.

Basi Ambrose. Kabla ya kuvaa joho alikuwa mpiga gongo wa kriketi wa Chuo Kikuu cha Cambridge, na wakati wake watu walilipa kiingilio London kuja kuyatazama mabega yale yakifanya kazi. Kwenye viwanja vya wakubwa kuna kengele barazani. Ikigongwa, wachezaji wanatoka, mchezo unaanza. Ujana wake wote kila furaha yake ilitanguliwa na kengele ile. Ndiyo maana siku ile aliingia kanisani, akajifungia, akaivuta kamba mara moja kwa nguvu zake zote, akafungua mlango na kutoka, kidevu juu, macho yanang'aa, tayari kwa mchezo.

Hakuna aliyepiga makofi. Hakuna aliyekohoa. Mwanamke mmoja karibu na lango akaanza kulia. Mimi, mjinga wa mwisho, nikadhani ni heshima.

Nyumbani tulimkuta Bi Tapsell, mpishi, ambaye alikuwa amewapikia wachungaji wawili na kuwazika wote wawili. Siku ya kwanza tu alisimama mbele ya masanduku yetu ya vitabu, mikono kiunoni.

"Bi Lettice, tuyafungue yote?"

"Ulitaka vitabu vikae gizani?"

"Hapana. Nasema tu, kufunga tena ni kazi."

"Nani kasema tunafunga tena?"

Akadai kuna kitu kinaungua jikoni. Nilimfuata, jiko lilikuwa halijawashwa.

Kisha paa. Lilivuja juu ya kitanda changu, na mwenye kulishughulikia alikuwa mzee wa kanisa, Bwana Jethro Penfold, mkulima mnene mwenye sauti ya kuitia ng'ombe, ambaye pia alikuwa nahodha wa timu ya kriketi ya kijiji. Nikampeleka juu, nikamwonyesha.

"Tutalitazama, Bi Lettice. Tusubiri kidogo, tuone mambo yatakwendaje."

"Mambo gani? Maji yanakwenda chini, Bwana Penfold. Tangu Nuhu yamekuwa yakienda chini."

"Ni kweli kabisa," akasema kwa upole ulionitia hasira, akashuka ngazi zetu akizishikilia kwa mikono miwili. Nikaweka beseni kitandani.

Lakini aliyenivuruga akili zaidi ni Akehurst. Huyu alikuwa kila kitu: mpiga kengele, mchimba makaburi, mtunza bustani yetu, na siku za mchezo ndiye mwamuzi wa Hollingfold. Nilimwomba anipandie asparaga, zile mboga za machipukizi marefu. Nimezipenda tangu utotoni, na kwa mara ya kwanza maishani nilikuwa na bustani.

"Asparaga haziliwi mpaka mwaka wa tatu, Bi Lettice."

"Najua."

"Miaka mitatu."

"Akehurst, najua kuhesabu."

"Ndiyo," akasema kwa huzuni. "Hata sisi tunajua."

Akaenda kunipandia figili, ambazo hukawii kuzila.

Wala si kwamba walitudharau. Wangetudharau ningejua pa kuanzia, maana ulimi ninao. Walitupenda kwa namna ya ajabu, ya watu waliokuja kuaga. Wengine walimletea Ambrose supu na mayai na kumwuliza, macho yamewalegea, "Unalala vizuri, Mchungaji? Kifua hakikubani?" Hao ndio walioamini atakufa. Wengine waliamini atahamishwa, na hao hawakuleta chochote ila walimshika mkono muda mrefu mlangoni mwa kanisa. Sisi hatukujua lipi ni lipi. Mdogo wangu, mtu wa futi sita asiyewahi kuugua hata mafua, akaanza kujipima mapigo ya mkono wakati wa chai.

Wahenga walisema, mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Siku yetu ya tatu ikapita, Krismasi ikapita, Pasaka ikapita, na hakuna aliyetupa hata mpini.

"Wananisikiliza, Dada," Ambrose aliniambia jioni moja mbele ya moto, miguu yake imejaza chumba. "Wananishukuru mlangoni. Lakini wananishukuru kama mtu aliyesimamisha farasi kuuliza njia. Na wa kipaimara sina hata mmoja. Mama zao wanasema watangoja."

"Wangoje nini?"

"Ndilo nililowauliza. Wakanipa mayai."

Nikacheka. Yeye hakucheka. Akachukua koleo la moto, akalishika kwa mikono miwili vile wanavyoshika gongo, na sidhani kama alijua kwamba amelishika.

"Uwanjani nilikuwa najua," akasema. "Nikikosea, mwamuzi anainua kidole. Umetoka, nenda barazani ukavue viatu. Asipoinua, umebaki, piga tena. Hapa nimtazame nani? Askofu yuko mbali. Mungu hainui kidole."

"Angalia ulimi wako. Wewe ni mchungaji."

"Ndiyo maana nasema. Sijui kama nimetoka au nimebaki."

 Nilimwambia anywe chai, ikipoa itakuwa mbaya. Ndiyo dawa yangu ya kila kitu, na haijawahi kumponya mtu.

Majira ya kriketi yalipofika, akalitoa gongo lake kwenye sanduku, akalipaka mafuta ya kitani, akaliegemeza ukumbini penye miavuli, mahali ambapo hata kipofu angelikwaa. Maana alijiwekea sharti siku aliyovaa joho: mchungaji hajipeleki mchezoni, anaombwa. Basi akangoja kuombwa. Bwana Penfold akaja kwa jambo la sadaka, akaliona.

"Gongo zuri hilo, Mchungaji."

"La zamani kidogo," akasema Ambrose, na nilisikia pumzi zake kutoka chumba cha pili. "Lakini bado lina nguvu."

"Litunze," akasema Penfold, akavaa kofia, akaenda zake.

Baadaye sana ndipo nilipojua waliyokuwa wakiambiana kwenye baa yao. Walikuwa wakisema, "Tusimzoee. Tukimzoea, Septemba tutalia mara mbili." Wakati ule sikujua. Niliona tu mdogo wangu, ambaye London nzima iliwahi kusimama kumshangilia, akilihamisha gongo lake kutoka kwenye miavuli hadi kwenye viatu vya mvua, akidhani labda pale halikuonekana vizuri. Iliniuma mpaka nikatoka kwenda kupiga kelele kwenye figili.

Mwezi wa Agosti akaja Hubert Carswell, nahodha wake wa chuoni, sasa mkuu wa shule ya wavulana huko Yorkshire. Alikula nyama yetu ya kondoo, akamsifu Bi Tapsell, kisha akafuta midomo na kusema alichokuja kusema.

"Njoo kwangu, Tillard. Nina kanisa dogo na uwanja mkubwa. Wavulana wanahitaji mtu wa kuwafundisha sala na kupiga. Nani mwingine nimwendee?"

Ambrose aliitazama sahani yake. "Nitakujibu Jumapili," akasema.

Carswell alipoondoka, nilibaki mezani nimeshika kijiko ambacho sikukihitaji. Niseme wazi: niliogopa. Baba yetu alikuwa afisa wa jeshi, na tangu nikiwa na akili nimekuwa nikifunga masanduku ya wanaume. Nimefungua mapazia ya watu wengine katika nyumba nyingi mno. Hollingfold, pamoja na beseni lake kitandani, ilikuwa nyumba ya kwanza ambayo ngazi zake nilizijua bila mshumaa. Sikutaka Yorkshire. Nilitaka asparaga zangu.

"Unataka kwenda?" nikamwuliza.

"Sitaki hata kidogo. Lakini naona hawanitaki, Dada. Hawasemi, ni watu wema. Mtu mwenye adabu huondoka kabla hajaambiwa."

"Nani kakwambia hawakutaki?"

"Nani kaniambia wananitaka?"

Nikakirudisha kijiko mezani.

Jumamosi ya juma lile Hollingfold walicheza na Stedcombe, kijiji cha jirani, ambao wamekuwa adui zao tangu kabla ya kuwepo kriketi. Reuben, mtoto wa kwanza wa Penfold, alikuwa ameanguka kutoka kwenye gari la nyasi na kuvunjika mfupa wa bega. Kwa hiyo Hollingfold walikuwa kumi badala ya kumi na mmoja, na kila mtu alijua, na hakuna aliyekuja kugonga mlango wetu. Ambrose alikwenda kusimama nje ya lango la uwanja, upande wa barabarani, mikono yake miwili juu ya ubao wa lango. Niliiona ile mikono. Vidole vilikuwa vimeushika ubao kama koleo lile la moto.

Nikasema, basi. Nikampita bila neno, nikafungua lango, nikaenda moja kwa moja mpaka kwenye meza ya chai. Penfold alikuwa pale, anakula keki kwa huzuni. Hollingfold walikuwa wamebakiza mikimbio michache tu, ndizo pointi za kriketi, kuwashinda Stedcombe, na wapigaji wao walikuwa wanatolewa mmoja baada ya mwingine. Bi Tapsell alikuwa anamimina chai.

"Bwana Penfold, mko wangapi leo?"

"Kumi, Bi Lettice."

"Na yule aliyesimama langoni ni mwizi wa kuku?"

Akameza keki. "Ni Mchungaji."

"Kawakosea nini? Niambie. Mahubiri marefu? Anaimba vibaya? Anaimba vibaya, najua, tangu utotoni. Lakini nini kingine?"

"Hajakosea kitu. Ni mtu mwema sana. Tatizo ndilo hilo."

"Wema ndio tatizo?"

"Watu wameshaanza kumpenda. Sasa Septemba itakuwaje?"

"Jethro!" Bi Tapsell akaweka birika chini kwa kishindo. "Usiseme!"

"Sijasema!"

"Septemba kuna nini?" nikauliza. Wote wawili wakatazama nyasi. "Bi Tapsell, tunakaa nyumba moja. Semeni. Mficha maradhi kifo humuumbua."

Sikuwa na habari nimegusa wapi. Bi Tapsell akajifunika uso kwa aproni na kulia kwa sauti. "Usitaje kifo, Bi Lettice! Usikitaje! Kengele, jamani, ile kengele! Kaipiga mara moja!"

Basi wakamwaga mtama wote, kwa kupokezana, mmoja akilia, mwingine akinong'ona na kumwangalia Ambrose asije akasikia: hesabu, mlio na mwaka, yule wa meno, yule wa ngazi, na kwa nini haambiwi. Akehurst, ndani ya koti lake jeupe la uamuzi, alikuwa amesogea pale wakati wachezaji wanapumzika kunywa maji, akasikiliza yote akitikisa kichwa kukubali.

Nilicheka. Nilicheka mpaka nikashika meza. Supu, mayai, figili, vyote vilikuja mahali pake kwa mara moja, na nikawaeleza kuhusu kengele ya barazani.

"Kwake ile si ya kuhesabu," nikasema. "Inalia mara moja, maana yake tokeni, tunaanza. Mchezo unakwenda mpaka uishe wenyewe. Aliwaambia ameanza, basi!"

"Ameanza," akasema Penfold polepole.

"Ila kengele haikujua hivyo," akasema Akehurst.

"Kengele ni shaba, Akehurst."

"Na ile ya mara nne?"

"Ngazi ndiyo iliyomwua yule!"

"Ngazi ilikuwepo miaka yote minne, Bi Lettice. Ikamwua wa nne."

 Mimi, niliyesoma vitabu vya baba yangu vyote, niliyemcheka mpishi wangu sasa hivi, nilisimama pale nahesabu kwa vidole ndani ya glavu majuma yaliyobaki mpaka Septemba. Na Yorkshire je? Carswell alikuja kwa bahati tu? Hiyo si kengele ikifanya kazi yake, kwa mikono yetu wenyewe? Sikujua tena naamini nini. Nilijua kwamba nachukia kengele.

"Basi nenda ukamwambie," akasema Bi Tapsell, akijifuta pua. "Wewe ni dada yake. Mwambie, kama ni upuuzi."

Nikamtazama Ambrose kule langoni. Ulimi wangu, ambao umewahi kumjibu jenerali, ukawa mzito. Sikwenda. Mpaka leo sijamwambia.

"Kumwambia acheze si kumwambia hesabu," nikasema mwishowe. "Bwana Penfold, chagua. Kama anaondoka, mtapungukiwa nini mkimpa nafasi moja? Na kama anabaki, mtamtazamaje usoni miaka yote hiyo?"

Penfold alipangusa makombo ya keki kwenye ndevu. Kisha akatembea hadi langoni, nami nyuma yake.

"Mchungaji, tumepungukiwa mtu."

"Oh, pole sana," akasema Ambrose. "Reuben kazidiwa? Nitakwenda kumwona sasa hivi."

"Si hivyo. Reuben hajambo. Gongo, Mchungaji. Nenda kalete gongo."

Ambrose alimtazama, akanitazama mimi, akamtazama tena. Kisha akakimbia. Sikuwa nimemwona akikimbia tangu avae joho, na sikujua kama Hollingfold wana kiwango cha mwendo kwa wachungaji, lakini alikivunja.

Aliingia wa mwisho. Tulihitaji kidogo tu kushinda, na nchi nzima ilikuwa imesimama, maana hata Stedcombe walikuwa wamelisikia jina lake. Mrushaji wao alikuwa mhunzi, mtu wa mikono mirefu mwenye chuki na kila kitu. Ambrose akasimama mbele ya vijiti vyake, mkubwa, mtulivu, pale alipozaliwa kusimama. Mhunzi akaja mbio. Mpira ukaruka chini chini, ukapita chini ya gongo, ukampiga mguuni, pale pale mbele ya vijiti, na mguu ukizuia mpira usigonge vijiti, mpigaji ametoka.

Stedcombe wote wakageuka kwa Akehurst, mikono juu, wakapiga kelele kudai uamuzi.

Sasa elewa. Kijijini mwamuzi ni mtu wa nyumbani. Mgeni mashuhuri hatolewi kwa mpira wa kwanza. Huonewa haya, mwamuzi hujifanya jua limempiga machoni, na anaachwa apige kidogo kabla hajarudi kwao. Ndivyo walivyomfanyia Ambrose mwaka mzima. Na huyu ni mtu waliyeamini kwamba amebakiwa na majuma machache. Akehurst alimtazama. Alitazama mguu.  Kisha mchimba makaburi wetu akainua kidole, polepole, juu kabisa.

Ametoka. Bila mkimbio hata mmoja. Na mchezo tumeshindwa.

Ambrose alikitazama kidole kile muda mrefu. Halafu akaweka gongo kwapani, akarudi kwetu, na uso wake ulikuwa mwepesi, vile ulivyokuwa siku za Cambridge.

"Nimetoka, Dada," akaniambia. "Umeona? Akehurst kanitoa!"

"Nimeona. Hongera."

Nilidhani watamfariji kwa mayai. Lakini Penfold alikuwa amepigwa na Stedcombe, na Penfold aliyepigwa na Stedcombe hana mchungaji wala askofu.

"Hivi, Mchungaji," akanguruma, "Cambridge nzima walikufundisha kupiga, hakuna hata mmoja aliyekufundisha kuondoa mguu?"

"Mguu wenyewe gogo la mwaloni," akasema Bi Tapsell. "Ataupeleka wapi?"

"Aubebe kwenye toroli!" mtu akapaza sauti nyuma.

"Mama yangu angeupiga mpira ule," akasema Reuben na bega lake limefungwa, "na mama yangu ni marehemu."

Wakacheka. Hollingfold wote wakamcheka mdogo wangu mbele ya macho yake, naye akasimama katikati yao mwekundu hadi masikioni, akicheka kuliko wote. Penfold, bado ana hasira, akampiga kidole kifuani.

"Mwakani hupigi wa mwisho, unanisikia? Mwakani unafungua wewe, mapema, mguu wako ukiwa bado umelala."

Neno likatoka hivyo, na kicheko kikakatika. Bi Tapsell akashika mdomo. Penfold mwenyewe alibaki na kidole hewani, macho yamemtoka, akijisikiliza. Tangu tufike Hollingfold hakuna aliyewahi kusema mwakani mbele ya Ambrose. Mimi ndiyo kwanza nililitambua hilo, pale.

Ambrose peke yake ndiye hakuona kitu.

"Mwakani nitauondoa," akasema.

Jumapili alimjibu Carswell kwamba anashukuru, ila hawezi kuja Yorkshire, kwa kuwa mwakani ana mchezo. Nami ningefurahi, kama Septemba haikuwa inakuja.

Siku za kazi Ambrose husoma sala za asubuhi kanisani, mimi na Bi Tapsell tukiitikia, na popo. Siku ya kutimia mwaka nilikwenda mapema, nikasema moyoni naenda kupanga maua. Nilikuta kanisa limejaa. Penfold alikuwa mbele, viatu vyake vina tope. Reuben alikuwepo. Wanawake wa supu na wale wasio wa supu walikuwa wamechanganyika. Akehurst alisimama nyuma ameikumbatia kamba ya kengele kwa mikono miwili, akiizuia isije ikasema kitu.  Nikakaa karibu na Bi Tapsell.

Saa ya sala ikafika. Ambrose hakutokea.

Ambrose hachelewi. Hajawahi kuchelewa, ni mtu wa kengele. Nilimwacha nyumbani anatafuta viatu, mzima kabisa, anaimba vibaya. Nikafikiria ngazi zetu. Bi Tapsell akanishika mkono akaubana mpaka pete ikaniuma, na mimi nikaubana wa kwake. Nyuma yetu mtu alikuwa ameanza kunong'ona Baba Yetu. Nikainuka niende.

Mlango ukafunguliwa kwa bega.

"Samahani, samahani," akasema Ambrose, joho upande, mikono yake myeusi kwa udongo hadi viwikoni. "Akehurst, umeacha jembe bustanini. Umeanza mtaro jana, hukuumaliza, nikasema mvua itauharibu. Nimeuchimba mpaka mwisho." Ndipo akaona watu. Akatazama safu za mbele, akatazama za nyuma, akamtazama Penfold na tope lake. "Leo kuna sikukuu gani?"

 Akehurst akaiachia kamba.

"Ule mtaro ni wa asparaga, Mchungaji," akasema. "Zinataka miaka mitatu."

"Najua. Dada kaniambia." Akanigeukia, haelewi kitu, na akaniona nalia. "Lettice? Nani kafa?"

"Hakuna aliyekufa," nikasema. "Nawa mikono usome."